Siku Mbili za Semboja

Mwanahidi alikuwa na majuma mawili ya ndoa wakati mumewe, Semboja, aliposhuka machimboni kwa siku mbili kuchimba kiwi, jiwe linalomeza mwanga na kuchelewesha muda. Siku moja chini ilikuwa mwaka mzima juu, naye akakubali kungoja. Lakini wachimbaji walifikia mwamba mkubwa kupita yote, na siku mbili zile zikala miaka arobaini.

Adhuhuri moja Mwanahidi alikuwa uani akipepeta mchele, kijana akabisha hodi.

"Shikamoo, mama. Mwanahidi yupo?"

Akainua macho. Alikuwa yeye, Semboja yuleyule. Akafumbua kinywa amwite kwa jina, kisha akaitazama mikono yake iliyokunjamana kwa uzee.

"Marahaba, mwanangu," alijibu. "Mwanahidi alishahama."

Semboja akashukuru, akaondoka mbio kumtafuta mkewe.