Divai ya Barafu kwa Bwire

Mchana kweupe, Teresa alikuwa amefunga mlango kwa komeo, jambo ambalo pale Busia hufanywa na wenye magendo tu. Ndani, alikuwa akikwaruza divai kwa uma.

Divai haigandi kama maji. Inaleta kiburi, inakuwa chengachenga, na usipoikwaruza kila mara inashikana pembeni, katikati inabaki uji. Mumewe Bwire ndiye aliyemfundisha, zamani akiwa mhudumu wa hoteli kule Tororo: divai nyekundu, maji ya machungwa, sukari, kisha bakuli la bati ndani ya friji ya mafuta ya taa. Friji yenyewe aliinunua kwa bei ya kutupa mwaka wa sabini na mbili, Wahindi walipofukuzwa kule ng'ambo ya mpaka, akaivusha kwa mkokoteni.

Na sasa mwenye friji alikuwa amekaa kitandani. Miaka mitatu mikononi mwa wanajeshi wa ng'ambo, halafu leo alfajiri, gizagiza, akatokea kwa njia za panya, miguu mitupu, mbavu zinahesabika.

"Hakuna mtu aliyekuona?" Teresa aliuliza mara ya tano.

"Mbwa mmoja. Na huyo nimemwomba asiseme."

Hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya siku nzima: Bwire asionekane. Wale wa ng'ambo walikuwa na masikio upande huu pia, na mtoro aliweza kurudishwa ndani ya buti la gari kabla jua halijatua. Jicho moja tu likimwona, yote yameharibika. Teresa mwenyewe alikuwa ametoka mara moja tu, asubuhi, kwenda sokoni kutafuta machungwa.

"Fungua dirisha la nyuma, joto linaniua."

"La nyuma hapana," Teresa alisema haraka. "Vumilia, baba. Si nakutengenezea kitu?"

Bwire alikuwa amevaa shati alilolikuta kwenye msumari. Mikono ya shati ilimfunika mpaka vidoleni.

"Ona vile jela imeninyoa. Shati langu mwenyewe limekuwa kanzu!"

Teresa aliliangalia shati, akarudi kwa divai yake.

"Lakini wewe umenona," Bwire aliendelea. "Meno nayo yako sawa. Isipokuwa lile."

Lile alilitoa yeye mwenyewe, kwa ngumi, siku ya Krismasi, kwa sababu mchuzi ulizidi chumvi. Alicheka. Teresa naye akacheka. Alikuwa amejifunza zamani kucheka mapema.

Mlango ukagongwa.

"Teresa! Unakwaruza nini humo, mifupa?"

Zilpa. Jirani ambaye pua yake hufika kabla ya miguu. Bwire aliteleza chini ya kitanda kama kenge. Teresa akafungua mlango upana wa kiganja.

"Ni barafu tu, mama. Hili joto."

"Barafu! Kumbe mzungu amehamia hapa na hatukuambiwa? Nionjeshe."

"Haijashika bado."

"Mimi hata uji wake nakunywa." Mkono wa Zilpa ulikuwa umeshapita mlangoni, kiganja wazi.

"Hii hapana!" Teresa alipiga kelele, akausukuma ule mkono nje.

Zilpa alimtazama kutoka juu mpaka chini. "Unaninyima barafu? Hata Mungu huitupa bure, mvua ya mawe ikinyesha." Akaondoka akinung'unika, na ukimjua Zilpa, kununa kwake kungechukua wiki nzima.

Teresa aliegemea mlango mpaka nyayo zikaisha.

"Umemfukuza vizuri," Bwire alisema, akijipangusa vumbi. "Zamani ulikuwa mwoga."

Teresa alikwaruza mara ya mwisho, akaongeza sukari vijiko vitatu, akafikiri, akaongeza cha nne. Akajaza bilauri moja.

"Na yako?"

"Wewe kwanza. Mimi nimeonja mpaka nimeshiba."

Bwire hakuwa mtu wa kubembeleza wengine wale kabla yake. Alikunywa macho yamefumbwa, barafu nyekundu ikimshika kwenye ndevu.

"Ni tamu?"

"Baridi imeua ulimi, sisikii ila sukari. Ongeza."

Akaongeza. Ya tatu Bwire aliinywa nusu, kisha akajinyoosha kitandani.

"Macho yamekuwa mazito, Teresa."

"Lala. Umetembea mbali."

Teresa alimshika mkono. Aliushika mpaka vidole vikalegea, na hata baada ya hapo akakaa nao kidogo, kwa sababu siku zote hazikuwa za ngumi.

Alasiri, Makokha, mdogo wake Bwire ila mkubwa kwa umbo, aliingia bila kubisha; komeo lilikuwa limeshaondolewa. Teresa alikuwa amempa habari asubuhi sokoni, katikati ya machungwa.

"Kuna mtu amemwona?"

"Hakuna."

"Hata Zilpa?"

"Hata Zilpa."

Makokha aliinama, akaweka vidole shingoni mwa kaka yake, akangoja. Kisha akamfunika shuka mpaka usoni, akachukua jembe na kufungua mlango wa nyuma.

Huko nje ulisimama msalaba wenye jina la Bwire, na chini yake mgomba ambao ukoo mzima uliulilia na kuuzika miaka miwili iliyopita, badala ya maiti ambayo haikupatikana, ulikuwa umekwisha oza na kuacha nafasi. Jua lilikuwa bado juu na majirani wakipita njiani, lakini nani atamshangaa mtu anayetengeneza kaburi la kaka yake?