Shati Lililobanwa Kwapani

Kwach! Mkasi ulilia gizani, jogoo hajawika bado. Ludovika alikuwa amekata uzi wa mwisho. Akalikunja shati la kijivu la mumewe, akalirudisha kitini kana kwamba halikuguswa.

Mumewe huyo, Anselmi, alikuwa mwanachama mpya wa Chama cha Mashati ya Kijivu. Huko, Kiongozi akipita, sharti kila mtu ainue mkono hadi juu ya kichwa. Asiyeinua huvuliwa shati na kurudishwa nyumbani. Asubuhi hiyo wangeandamana hadi kwa Isaka, fundi saa, jirani yake Anselmi, wakamvunjie vioo vya duka kwa kuwa ni mtu wa kuja.

"Mama Tina, leo mji utatutambua!" alisema Anselmi akifunga vifungo. Akakaza kifua, akainua mkono. Mkono ukagoma usawa wa bega, kama wa mtu anayeomba apitishiwe chumvi mezani.

Akajaribu tena. Chumvi ile ile.

"Umelifanya nini shati langu, wewe mwanamke?"

"Nimelibana kwapani, mume wangu. Tina alipozidiwa na homa, Isaka ndiye aliyembeba mbio hadi kwa daktari. Leo ndiyo shukrani yetu?"

Anselmi alitaka kufoka, kicheko kikamponyoka. Nje, ngoma ya chama ilikuwa ikiita. Akabaki amesimama, mkono umenyooka mbele yake, hajui aupeleke wapi.

Tina akachomoza kutoka kwenye shuka, akautazama mkono ule.

"Baba, nibebe."