Mikono ya Bi Raya

Sikudhani alikuwa ametengeneza filamu kumi na moja kuhusu watu wasiosikilizwa, na hakuna aliyewahi kumkatalia hadi asubuhi hiyo.

Bi Raya, fundi cherehani aliyezaliwa kiziwi, alitazama picha za jana kwenye kioo cha kamera. Aliisukuma pembeni, akaanza kuongea kwa ishara, kwa kasi na kwa hasira.

"Mama anasema umemziba mdomo," alitafsiri binti yake.

"Mimi? Si uso wake wote huo hapo?"

"Uso tu, dada. Mikono umeikata."

Sikudhani akatazama tena. Sura ilikaa vizuri, mwanga ulimpendeza, lakini picha iliishia kidevuni. Bi Raya alikuwa ameongea saa nzima na halikuingia hata neno moja.

Akamgeukia binti.

"Mwambie shikamoo kwa mara ya pili. Tunaanza upya."

Akaichomoa maiki kwenye kola ya mama huyo, akaitia mfukoni. Akabeba kamera, akarudi nyuma hatua kwa hatua mpaka akavuka kizingiti na kusimama uani juani.

Kutoka pale, Bi Raya alienea mzima kwenye picha. Alikunja mikono ya gauni lake hadi kwenye viwiko, akamkazia macho Sikudhani, kisha akainua mikono.