Kiapo cha Hondohondo

Hondohondo alimziba mkewe kwa udongo ndani ya pango la mti aatamie, kama ilivyo desturi yao, akabakiza upenyo wa kumlishia. Kinda lilipoanguliwa, akatoweka. Mkewe, akihofia njaa itamuua mwanawe, alimlilia Hakimu Nungunungu, naye akamwita mume shinani pale.

"Mheshimiwa, sina hata tunda la kuwatunza," alinong'ona Hondohondo.

"Baba Kinda, mbona shingo imevimba?" mkewe aliuliza kupitia upenyo.

"Mafindofindo, mke wangu."

"Pole. Basi apa, kwa sauti," aliamuru hakimu.

Hondohondo alipanua mdomo, na makuyu aliyokuwa akimpelekea mke mpya yakamwagika.

"Matunzo hayo!" alisema hakimu. "Utayaleta kila siku, mpaka mtoto aruke."

"Na mafindofindo yakikurudia, Baba Kinda," mkewe alisema, "usihangaike na waganga. Njoo hapa."