Asili ya Neno Usukani

Mzee Nukta alifunga mlango wa ofisi kwa ufunguo, akautia ufunguo mfukoni, kisha akaweka kitabu kipya mezani taratibu kama mtu anayelaza mgonjwa.

"Kamusi ya wale wa mtaa wa pili. Imetoka leo asubuhi," alisema. "Hatoki mtu humu mpaka tufungue herufi U."

Wenzake watatu walitazamana. Mpigachapa, mama mwenye miwani moja usoni na nyingine kichwani, na bado haoni. Mtafiti, aliyezunguka bandarini miaka sita kukusanya maneno ya mabaharia akarudi na matusi mengi kuliko maneno. Na msahihishaji, rafiki wa Nukta tangu shule, ndiye aliyemsimamia harusi.

Mara mbili sasa washindani wao walikuwa wamewatangulia kutoa kamusi yenye maelezo yaliyoandikwa na kina Nukta, neno kwa neno, hadi koma. Kuna mtu alikuwa akiwapelekea kazi. Safari hii Mzee Nukta alitega mtego, na leo ndipo alipokuwa akiwaeleza.

"Nilichagua neno usukani. Maana sikuzigusa: ubao wa nyuma unaogeuza chombo, gurudumu la dereva, uongozi wa mambo. Nilichezea asili."

"Asili si Kiarabu?" aliuliza mtafiti.

"Ni Kiarabu. Lakini nakala yako ilisema ni mlio wa ubao majini. Ya mama hapa, eti ni jina la seremala. Na yako, rafiki yangu, eti ni kusukwasukwa na mawimbi. Kila mtu na uongo wake. Utakaotokea humu ndani, mwenyewe anaondoka leo."

Alichomoa barua ya kufukuza kazi. Ilikuwa na sahihi tayari. Ilikosa jina tu.

"Mwanangu, mimi hata sijaisoma!" alilalamika mpigachapa. "Nachapa tu. Ukiniandikia nimekufa, nitachapa nimekufa."

Msahihishaji hakucheka. "Miaka thelathini, Nukta. Nilikushikia pete ukiwa unatetemeka kama jani. Ningetaka kuiba si ningeanza na ile?"

"Ndiyo maana inaniuma," alijibu Mzee Nukta.

Simu yake ikatetemeka mezani. Ujumbe ulitoka kwa mkewe: Umeshamjua? Usimwonee huruma, hata kama ni yeye.

Msahihishaji aliuona. "'Hata kama ni yeye.' Yaani mimi. Msalimie sana shemeji. Mwambie chakula alichonilisha Jumapili nakirudisha kwenye sahani."

Mzee Nukta alifungua kitabu, kidole kikateremka ukurasani. Ubao wa nyuma. Gurudumu. Uongozi wa mambo. Maneno yao yote, na koma zake.

"Hizo zetu," alinong'ona mtafiti. "Haya, asili?"

Kidole kilisimama. Mzee Nukta alisoma, akarudia, akavua miwani, akaifuta kwa shati, akasoma tena.

"Ni seremala?" mpigachapa aliuliza, mkono kifuani.



"Ni mawimbi?" aliuliza msahihishaji. Alikivuta kitabu akasoma kwa sauti: "'Asili: neno la kale la mabaharia, maana yake mkono wa mke, kwa kuwa ndio unaomgeuza nahodha arudi nyumbani.'"

Mtafiti aliangua kicheko, cha mtu aliyeponea chupuchupu. "Mkono wa mke! Jamani, upuuzi huu katunga nani?"

"Mimi," alisema Mzee Nukta.

Aliutunga jikoni kwake, miezi minne iliyopita, asubuhi mkewe alipomkumbatia na kumbembeleza amtajie, yeye peke yake, asili ya kweli.