Vijiko Vitatu

"Asiguse mtu maji!" msimamizi wa nyumba ya wageni alifoka kwenye simu. "Klorini mpya ni kali mara tatu ya ile ya zamani. Kijiko kimoja tu!"

Mtunza jakuzi alikata simu. Asubuhi alikuwa ametia vijiko vitatu katika bwawa hilo dogo la maji moto, kama siku zote. Na katika maji hayo hayo, sasa hivi, alikuwa ameketi mama yake mzazi, akikanda goti lake bovu.

Yarabi toba! Ngozi ya mzee ile! Macho yale!

Alichupa hadi stoo kuchukua karatasi za kupimia, nusura aangushe makopo mawili yaliyokuwa ya maziwa pale rafuni. Kushoto magadi soda ya kutuliza maji, kulia klorini. Yote unga mweupe, makopo pacha, wala hakuwahi kuyaandika. Kwani nani hajui? Hata mpishi alijua. Asubuhi alikuja na mafua yake, kamasi hadi mdomoni, akajichotea magadi ya keki huku mtunza jakuzi, barakoa usoni, ndiyo kwanza anamaliza kupangusa rafu.

Akakimbia peku hadi uani.

"Mama, toka majini! Toka!"

"We, umeingiwa na nini? Goti ndiyo kwanza linalainika."

Hakubishana. Alipiga magoti ukingoni, akachovya karatasi. Ikigeuka zambarau, kwisha habari yake. Akahesabu hadi kumi na tano, roho mkononi.

Nyeupe.

Akachovya nyingine. Nyeupe pe. Hakukuwa na klorini hata chembe.

Alikodoa macho. Kisha akajipiga kofi kwenye paji la uso. Makopo! Alipoyarudisha baada ya kupangusa, aliyapishanisha. Alichotia ni magadi! Vijiko vitatu vya magadi, na magadi majini hayajamdhuru mtu. Akaketi chini pale pale kwenye vigae, akacheka mpaka machozi yakamtoka. Uzembe wake mwenyewe ndio uliomwokoa mama yake.

"Haya, cheka," mama alisema, akikohoa. Alisukuma sahani tupu ukingoni. "Ukimaliza niletee maji ya kunywa. Hii keki ya mpishi imeniacha koo linawaka moto."