Mate ya Mwenye Akili

Wanariadha wa chuo siku hizi hawasomi. Wanakimbia mchana kutwa, jioni wanakunywa mate ya wanafunzi wenye akili, na masomo yanaingia yenyewe. Sitanii.

Mjukuu wangu Paskalina, naye mkimbiaji, alikuja likizo na chupa yake imejaa. Alipoifungua mezani, mate yakavutika kama mlenda. Nikasukuma ugali wangu pembeni.

"Wewe mtoto, huoni kinyaa?"

"Babu nawe! Si nimefaulu fizikia?"

Akagugumia yote, akalamba na kifuniko.

Mama yake, aliyemzaa na kumlea katika nyumba hii hii, akaingia na bakuli la mchuzi. Paskalina akainuka kwa adabu ya mgeni.

"Shikamoo, mama. Samahani, choo cha hapa kiko wapi?"